Ng'ombe wa Mkwe na Filamu Tatu za Thobias Masele

Wasikilizaji wapendwa, sogezeni viti karibu na redio. Aliye jikoni apunguze moto kidogo, na aliye dukani amwambie mteja asubiri. Ni mimi Zuwena Sabiti, na leo sina utani mwingi. Alhamisi iliyopita, kule Kharumwa, tumempoteza Mzee Thobias Masele. Narudia kwa waliochelewa kufungua redio: Mzee Thobias Masele wa Kharumwa ametutoka, akiwa na miaka tisini na mmoja.

Vijana mtaniuliza, Thobias yupi tena huyo? Mna haki. Hakuna barabara yenye jina lake. Hakuna shule yenye jina lake. Lakini waulizeni wazee walio ndani humo, waulizeni kuhusu gari la sinema lililokuwa likipita vijijini na shuka jeupe. Sura ya Thobias wataikumbuka. Alikuwa mwanasiasa kwa muda mfupi, mjumbe wa baraza kwa miezi kumi na minne tu. Na alionekana kwenye filamu mara tatu. Mara tatu katika umri wote huo, lakini jamani, mara hizo tatu zilimchimba kuliko shimo la dhahabu.

Twende taratibu.

Thobias alizaliwa mwaka 1919. Ujana wake aliumalizia mgodini Geita, akisukuma vigari vya mawe pamoja na watu wa kila kabila. Huko ndiko alikojifunza Kiswahili cha kunyooka. Huko ndiko alikompata rafiki yake wa kufa na kuzikana, Akida, mtu wa Ujiji, Mwislamu mwenye maneno matamu na mahesabu ya haraka. Mwaka 1946 Thobias aliacha mgodi, akaoa binti wa Mhunze aliyeitwa Generosa, akahamia naye Kharumwa kufungua shamba la pamba. Akida naye akamfuata, akafungua duka.

Sasa, enzi hizo wakulima wa pamba walikuwa wanalia na mizani za wanunuzi. Unaleta mzigo mzito, mizani inasema mwepesi. Wakulima wakasema basi, tutamchagua mtu wetu, akae pale pembeni, na yeye apime. Walimchagua Thobias. Kila msimu alisimama pale juani, mzigo wako anaupima mbele ya macho yako, na neno lake lilikuwa neno. Huo ndio uliokuwa mtaji wake. Hakuwa na ukoo mkubwa, hakuwa na elimu ya kutisha. Watu walimwamini, basi.

Mwaka 1949 walifika watu wa picha kutoka Dar es Salaam. Walitaka mtu msafi, mwenye Kiswahili, atakayefuata maelekezo. Wakaonyeshwa Thobias. Filamu ilihusu choo, wasikilizaji wangu. Choo! Thobias anaonekana akitoka kwenye choo kipya cha shimo, ananawa mikono, anatabasamu. Imekwisha. Watu wakambatiza Bwana Choo. Wanawake kisimani walimwita Generosa Mama Choo mpaka akawa hataki kwenda kuteka maji. Binti yao, Esta Thobias, ambaye mimi namwita Mama Esta kwa heshima, ameniambia hivi: "Baba alijifanya amekasirika. Uongo mtupu! Alikuwa anapenda. Shati alilovaa siku ile alilitunza sandukuni."

Alipenda picha, tuseme ukweli. Marehemu hasemwi vibaya, lakini marehemu mwenyewe alilisema hili, na nitawafikisha huko.

Ikaja filamu ya pili. Mwaka 1951. Shikeni mwaka huo, 1951.

Wazee mnakumbuka amri ya kupunguza mifugo. Serikali ya mkoloni ilisema ng'ombe wamezidi, nyasi zimekwisha, kila mwenye zizi atoe kadhaa wakauzwe mnadani. Kwa Msukuma hiyo ilikuwa sawa na kumwambia achague mtoto wa kutupa. Watu walificha ng'ombe porini. Watu walilala jela. Na katikati ya uchungu huo, watu wa picha wakarudi Kharumwa siku ya Alhamisi, wakamwambia Thobias: Jumamosi tunataka utoke na ng'ombe wako, uwapitishe kwenye lango la mnada, ucheke, na kisha uwarudishe nyumbani. Hawauzwi. Ni picha tu.

Thobias alikuwa na ng'ombe wanne, mbavu nje. Watu wa picha wakawatazama, wakatikisa kichwa. Halafu macho yao yakaangukia upande wa pili wa zizi. Pale walikuwapo ng'ombe kumi na watatu wanaong'aa. Mbele yao jike mwekundu, baka jeupe begani, pembe ya kushoto imelala kuelekea jicho. Wakasema, huyo! Huyo ndiye tunayemtaka.

Lakini yule hakuwa wa Thobias. Wote kumi na watatu walikuwa wa mkwe wake, Mzee Maduhu wa Mhunze, baba yake Generosa. Kwao nyasi zilikauka, akawapeleka kwa mkwe wake awatunze. Mnajua desturi hiyo. Maziwa unakunywa wewe, samadi unatia shambani kwako, ndama ni wa mwenyewe. Ng'ombe akifa, unampelekea mwenyewe ngozi yake, aione kwa macho. Na kumtoa ng'ombe wa mtu zizini kwa shughuli yoyote ile nje ya malisho, sharti mwenyewe ajue. Hata iwe kumsimamisha tu arusini ili wageni waone zizi limejaa. Unamwambia kwanza. Hilo halina mjadala.

Generosa aliliona jambo mapema. Alimwambia, "Baba Esta, mtume mtu Mhunze kwanza."

"Mhunze siku tatu kwa baiskeli, mama. Hawa wanapiga picha keshokutwa."

"Basi wasubiri. Au watumie wale wako."

"Wale wangu watanifanya nichekwe mbele ya nchi nzima. Ni picha tu, Generosa. Jioni atakuwa zizini."

Generosa akapasha pasi ya mkaa, akampigia shati. Na kweli, jioni jike mwekundu alikuwa zizini, hana hata mkwaruzo. Thobias akaona limekwisha. Hakutuma habari Mhunze. Wiki ikapita, mwezi ukapita, na jambo ambalo hukulisema siku ya kwanza, siku ya arobaini unalisemaje? Akalimeza, na kwa bahati yake mnada ulikuwa mbali na kijiji na filamu yenyewe haikuletwa Kharumwa.

Mwaka 1953 ndigana, ule ugonjwa wa kupe, ikapita Kharumwa. Jike mwekundu akafa. Thobias alifanya inavyopaswa. Alikausha ngozi, akaifunga kwenye baiskeli, akasafiri siku tatu mpaka Mhunze, akaiweka mbele ya mkwe wake kwa magoti. Maduhu aliipapasa ile ngozi, akalipata lile baka la begani, akasema, "Wabeja, ng'wana Masele. Umenitunzia vizuri." Ahsante, mwana wa Masele. Mama Esta anasema baba yake aliwahi kumwambia kwamba ahsante ile ilimkaa kooni kama mfupa wa sato. Ndiyo ilikuwa nafasi ya kusema. Hakusema.

Haya. Tufike mwaka 1958.

Mwaka huo upepo ulikuwa umebadilika. Siasa imepamba moto, watu wamechoka na faini, wamechoka na amri za mifugo. Kharumwa ikatakiwa ichague mjumbe wa kwenda kuwasemea barazani. Nani mwingine? Mpima mizani wetu! Thobias alizunguka kijiji kwa kijiji akiipinga ile amri ya mifugo kwa sauti kubwa. Akida ndiye aliyekuwa akimpangia mikutano. Uchaguzi ukapangwa mwezi wa tano.

Mwezi wa nne, bila mtu wa Kharumwa kujua, gari la sinema lilifika Mhunze. Mvua zilikuwa zinanyesha, wakaonyeshea ndani ya ghala la pamba, mchana, milango imefungwa na magunia yamezibwa kwenye nyufa. Mzee Maduhu alikuwa amekaa mbele kabisa.

Sasa sikilizeni. Mtu wa mjini akitazama sinema anatazama watu. Msukuma anatazama ng'ombe. Maduhu hakumwona mkwe wake kwanza. Alimwona jike mwekundu. Aliliona baka, akaiona pembe. Ng'ombe ambaye ngozi yake aliilalia kila siku, yule pale, mzima, anatembea kwenda lango la mnada wa serikali. Nyuma yake anakuja mwanamume mwenye shati lililonyooka, fimbo mkononi, anacheka meno yote nje. Na sauti ya kwenye kipaza sauti ikasema: Huyu ni mfugaji mwerevu, amekubali kwa moyo wake kupunguza ng'ombe.

Msije mkafikiri mzee yule alikuwa mshamba. Alijua picha ni picha. Alijua pia ng'ombe hakuuzwa, maana ngozi anayo. Kilichomuuma hakikuwa hicho. Ng'ombe wake alitoka zizini, akapelekwa kwenye lango lile linalochukiwa na kila mtu, akaonyeshwa nchi nzima, na yeye mwenyewe anakuja kujua baada ya miaka saba, kwenye ghala, mbele ya majirani. Maana majirani nao walimtambua. Wakamgeukia. "Maduhu, kumbe wewe ulitoa?" Yeye ambaye alilipa faini mbili kwa kukataa kutoa!

Alifunga safari.

Siku ya uchaguzi, Kharumwa walichagua kwa kupanga mstari. Unasimama nyuma ya mtu wako, mnahesabiwa. Mstari wa Thobias ulikuwa umeizunguka mizani na kufika barabarani. Mgombea mwenzake alikuwa na watu wachache, nusu yao ndugu zake. Ndipo Maduhu akatokea, vumbi mpaka magotini, fimbo yake mkononi. Thobias alipomwona mkwe wake alichuchumaa papo hapo, kama heshima inavyotaka.

"Mwadila, baba."

"Mwadila. Ng'wana Masele, nina swali moja. Nimelibeba siku nne, nisaidie nilitue. Yule jike wangu mwekundu, alitoka zizini kwako mara ngapi?"

Thobias alijua. Maji yalimfika shingoni na akajua yamefika.

Mzee akaendelea, bila kupandisha sauti. "Mimi nina habari ya mara moja, siku ya kufa. Lakini nimemwona kwenye sinema. Nimekuona na wewe, unacheka. Niambie mbele ya hawa, maana na mimi niliulizwa mbele ya watu."

Mstarini watu wakaanza kuguna. Mnada? Thobias? Huyu huyu anayepinga kupunguzwa kwa mifugo? Wawili wakatoka mstarini. Wakatoka watano. Akida akamsogelea rafiki yake, akamnong'oneza, na maneno hayo Akida mwenyewe aliyakiri uzeeni kabla hajafa: "Sema walikulazimisha. Sema hivyo tu, umepona."

Wasikilizaji wapendwa, ningependa kuwaambia kwamba alikataa. Ningependa sana. Lakini Thobias alisimama, akawageukia watu, akampa mkwe wake mgongo, akasema: "Serikali ilinilazimisha! Walinitishia jela, mimi na mke wangu! Nilicheka na machozi ndani!"

Weee! Uwanja ulilipuka. Waliotoka mstarini wakarudi, na wa mgombea mwingine wakahamia kwake. Thobias sasa alikuwa mtu aliyeteswa na mkoloni. Halafu, ubaya wa kundi la watu mnaujua, mtu mmoja akampigia kelele Maduhu: "Katumwa huyo mzee!" Mwingine: "Kibaraka! Rudi kwenu!" Mzee wa miaka sabini, aliyelipa faini mbili, akaitwa kibaraka. Mtu akamrushia bonge la udongo. Na Thobias alisikia, na Thobias alinyamaza, kwa sababu kumtetea mzee kungekuwa kujiumbua mwenyewe.

Maduhu alimtafuta binti yake kwa macho. Generosa alikuwa amesimama na wanawake wenzake. "Mayu," akamwita, maana kwao binti huitwa hivyo kwa upendo, "ni kweli walimlazimisha?"

Generosa aliyelipiga pasi shati lile. Generosa aliyesema mtume mtu Mhunze kwanza. Hakuweza kumuaibisha mume mbele ya watu, na hakuweza kumdanganya baba. Akainamisha uso. Mzee akaelewa.

Mama Esta alikuwa na miaka kumi na mmoja. Ananiambia, "Baba alibebwa juu juu na watu, wanaimba. Tulipofika nyumbani zizi lilikuwa wazi. Babu alikuwa amewatoa ng'ombe wake wote, na mama alikuwa anawaswaga nyuma. Hakuniaga. Alinitazama tu, akaenda. Baba alishushwa mabegani akiwa bado anacheka, akaliona lile zizi. Sijawahi kuona mtu anaacha kucheka namna ile."

Kura alizipata. Mke alimpoteza.

Miezi kumi na minne Thobias alikuwa mjumbe. Alisema vizuri barazani, hilo hata maadui zake walikubali. Akirudi nyumbani anapika ugali mwenyewe, yeye na bintiye. Alituma wazee Mhunze mara tatu kumwombea mke arudi. Mara tatu walirudi mikono mitupu. Mwaka 1959, mwezi wa saba, akaamua kwenda mwenyewe. Alipiga magoti nje ya uzio tangu asubuhi mpaka jua la utosi. Mwisho Maduhu akatoka.

"Baba, nilikosa. Ilikuwa nikuombe kwanza."

"Ungeniomba ningekupa," Maduhu akasema. "Hilo ndilo usilolijua. Ningenung'unika, ningekutukana kidogo, lakini kwa kuwa ni wewe, ningekupa. Ningekuambia chukua na dume."

Thobias alilia pale, mtu mzima, mjumbe wa baraza.

"Nifanye nini, baba?"

"Mimi nimekwisha kusikia. Lakini kibaraka sikuitwa hapa Mhunze. Niliitwa Kharumwa, mbele ya mizani. Kaseme kule kule. Mimi sirudi kule kurushiwa udongo. Nitamtuma huyu," akamwonyesha Generosa, "awe masikio yangu."

Alijua anachoombwa. Akisema, kiti cha baraza kimekwenda, na uaminifu wa mizani umekwenda. Hata hivyo akaitisha mkutano, Jumamosi, pale pale kwenye mizani. Generosa akaja, akasimama kando ya ghala, shuka kichwani, hasemi na mtu.

Na Jumamosi hiyo, kama mkosi, nani wanateremka kwenye gari? Watu wa picha! Wanatengeneza filamu ya mabaraza, wamesikia kuna mjumbe hodari Kharumwa. Wakasimamisha mashine yao mbele yake. Thobias akawaambia leo siyo siku nzuri. Wakamjibu, "Wewe ongea lolote tu, bwana. Mashine hii haichukui sauti."

Thobias akasimama mbele ya watu wake, mbele ya ile mashine, akasema. Alikiri kwamba hakulazimishwa na mtu. Maneno yenyewe nitawapa muda si mrefu. Alipomaliza hakuna aliyeimba. Watu waliondoka mmoja mmoja. Wiki iliyofuata uchaguzi ukarudiwa, mstari mrefu ukawa nyuma ya mtu mwingine, na msimu uliofuata mizani wakampa mtu mwingine. Hakuchaguliwa tena kwa lolote, miaka hamsini yote iliyobaki.

Generosa alirudi Mhunze bila hata kunywa maji. Alimkuta baba yake anamsubiri.

"Alilitaja jina langu?"

"Alilitaja, baba."

"Na kijiji?"

"Na kijiji."

Kesho yake mzee akasema, "Rudi kwako, mayu. Mtoto hana mama." Akarudi. Ng'ombe hawakurudi. Maduhu alifariki mwaka 1962, na zizi la Thobias halikuona tena ng'ombe wa ukweni.

Na ile filamu? Mwaka 1960 ilizungushwa Usukuma mzima. Mama Esta aliiona Nkome, kwenye ghala la dagaa, alipokwenda kumtembelea shangazi yake. Ananiambia, "Namwona baba yangu. Mdomo unasogea. Mishipa ya shingo imemsimama. Watu nyuma wanainamisha vichwa. Na mtu wa kipaza sauti anasema kwa furaha: Mjumbe hodari anawaeleza wakulima faida ya kupanda pamba mapema! Nilipiga kelele, nikasema siyo, hasemi pamba! Wavuvi wakanicheka, wakanituliza."

Kwa hiyo, wasikilizaji wapendwa, uongo wa Thobias ulisikika wilaya nzima, ukaimbiwa. Ukweli wake walio nao ni wale waliokuwa pale uwanjani, na wengi wao wametangulia. Nchi nzima iliona mdomo tu.

Natoa pole kwa bibi yetu Generosa, ambaye ana miaka themanini na mitatu na jana alinipokea kwa uji wa moto ingawa amefiwa. Shikamoo, bibi, na pole sana. Pole Mama Esta na wadogo zako. Pole ukoo wa Masele wa Kharumwa, na pole ukoo wa Maduhu wa Mhunze, ambao nimeambiwa walikuja mazikoni wote. Mungu amlaze mzee wetu pema.

Nanyi mnaonisikiliza, jiulizeni leo. Kuna mtu ulichukua chake bila kumwambia, ukakirudisha, ukaona limekwisha? Kuna mzee aliyepigiwa kelele ili wewe upone? Kama yu hai, nenda. Mimi mwenyewe ninaye wa kumwendea, na sioni raha.

Familia imeniomba jambo moja tu. Siku tatu kabla ya kufa, Mzee Thobias aliuliza kama kuna namna yale maneno ya mwaka 1959 yanaweza kusikika, yasikike tu, watu wengi, mara moja. Bibi Generosa anayajua kwa moyo, maana aliyabeba kichwani siku tatu za njia mpaka Mhunze, akiyarudia asije akadondosha hata moja. Jana alinitamkia polepole, nikaandika. Nayasoma kama alivyonipa.

"Watu wa Kharumwa. Mwaka jana, hapa hapa, niliwaambia nililazimishwa. Sikulazimishwa. Niliombwa nikakubali, na nilifurahi, kwa sababu nilitaka mnione kwenye picha. Ng'ombe hakuwa wangu. Alikuwa wa mkwe wangu, Maduhu wa Mhunze, ambaye hakutoa ng'ombe hata mmoja kwa serikali. Nilimtoa zizini bila kumwambia, nikamrudisha, nikanyamaza miaka saba. Aliponiuliza mbele yenu nilimjibu uongo, nanyi mkamrushia udongo, na mimi nikatazama. Udongo ule ni wangu. Anayetaka kutoka nyuma yangu atoke sasa, sitamlaumu. Generosa, umesikia. Kamwambie baba."